Fedha za kijiji: jinsi ya kuzifuatilia kisheria, kutoka ubao wa matangazo hadi Mahakama Kuu

Ukisimama kwenye mkutano wa kijiji ukasema "fedha za darasa zimeliwa", mwenyekiti atakuomba ushahidi, watu wawili watatu watapiga makofi, na mambo yataishia hapo. Ukisimama ukasema "hati ya kupokelea vifaa inaonyesha mabati ya geji 28, na yaliyoko juu ya paa ni ya geji 30", mtendaji hana budi kujibu, na jibu lake litaandikwa kwenye muhtasari. Mwongozo huu unahusu namna ya kufika kwenye sentensi hiyo ya pili, na hatua za kuchukua ikiwa jibu halitoshi.

Umeandikwa kwa ajili ya Tanzania Bara, na hasa vijijini, ambako sheria inayotawala ni Sheria ya Serikali za Mitaa (Mamlaka za Wilaya), Sura ya 287. Anayeishi mjini atatumia Sura ya 288. Masuala ya fedha kwa wote wawili yako kwenye Sheria ya Fedha za Serikali za Mitaa, Sura ya 290. Zanzibar ina sheria zake na mkaguzi wake.

Na tuliseme hili mapema: kufuatilia fedha za umma si uchochezi wala si siasa za upinzani. Ibara ya 27 ya Katiba inampa kila mtu wajibu wa kulinda mali ya umma. Neno la Katiba ni wajibu, na wajibu hauombewi ruhusa.

Hatua ya 1: Jua ni fedha gani, na nani anawajibika nazo

Kosa la kwanza la wengi ni kumuuliza mtu asiyehusika. Kijiji kina fedha za aina tatu, na kila aina ina njia yake.

Kuna mapato ya kijiji chenyewe: michango, faini, ushuru wa mnada, kodi ya eneo la mnara wa simu, mapato ya msitu. Hizi zinasimamiwa na halmashauri ya kijiji, yaani wajumbe wasiopungua 15 na wasiozidi 25, chini ya mwenyekiti, na mtendaji wa kijiji akiwa katibu. Anayepaswa kukusomea mapato na matumizi ni halmashauri hiyo, mbele ya mkutano mkuu wa kijiji.

Kuna fedha zinazoingia moja kwa moja kwenye akaunti ya shule, zahanati au kituo cha afya. Ruzuku ya uendeshaji kwa shule za msingi, kwa mfano, imepangwa kuwa shilingi 10,000 kwa mwanafunzi kwa mwaka, na 6,000 kati ya hizo ndizo zinazofika shuleni. Shule yenye wanafunzi 500 kwenye hesabu hiyo ingetarajia shilingi milioni 3 kwa mwaka. Hapa wahusika ni mwalimu mkuu au mganga mfawidhi pamoja na kamati ya shule au kamati ya zahanati.

Halafu kuna fedha za miradi kutoka Serikali Kuu, wafadhili au mapato ya ndani ya halmashauri ya wilaya. Afisa masuuli wake, yaani anayejibu kisheria kwa matumizi ya fedha hizo, ni mkurugenzi mtendaji wa halmashauri. Hata kama mradi unajengwa kijijini kwa fosi akaunti, yaani bila mkandarasi, vifaa vikinunuliwa na kamati na kazi ikifanywa na mafundi wa hapo hapo, mkurugenzi ndiye anayejibu kwa Mkaguzi Mkuu na kwa Bunge. Mwenyekiti wa kijiji anaweza kuwa hajawahi kuuona hata mchanganuo wa gharama. Kumshambulia yeye kwa fedha zilizolipwa wilayani ni kumwonea, na mhusika halisi anabaki ametulia.

Mbunge na mkuu wa wilaya hawamo kwenye orodha ya walipaji. Wanaweza kusukuma jambo, lakini usianzie kwao.

Hatua ya 2: Pata tarakimu

Anza na ubao wa matangazo: ofisi ya kijiji, shule, zahanati, ofisi ya kata na makao makuu ya halmashauri. Mara nyingi utakuta karatasi ya fedha zilizopokelewa kwa robo mwaka. Ipige picha nzima, ionekane na ubao wenyewe, na hakikisha tarehe ya simu yako ni sahihi. Karatasi hizo hubanduliwa. Kumbuka mwaka wa fedha unaanza 1 Julai na kuisha 30 Juni, hivyo robo ya kwanza ni Julai hadi Septemba. Ukichanganya mwaka wa fedha na mwaka wa kalenda, hesabu zako zitagongana na utaonekana hujui unachokisema.

Mkutano mkuu wa kijiji ni wa wakazi wote wenye umri wa miaka 18 na kuendelea, na unapaswa kuitishwa angalau mara moja kila miezi mitatu. Ndiyo mamlaka ya juu ya kijiji, na hapo ndipo mapato na matumizi yanaposomwa. Kama mkutano haujaitishwa kwa miezi sita, hilo lenyewe ni kosa la kuliandikia barua kabla hujagusa suala la fedha.

Mkutanoni, usiulize swali la jumla. "Tunaomba kujua fedha zimetumikaje" litajibiwa kwa hotuba. Uliza kwa tarakimu: bakaa ya robo iliyopita ilikuwa kiasi gani, kitabu cha stakabadhi kilichotumika ni namba ipi hadi ipi, na salio la benki kwa tarehe ya leo ni lipi. Kisha sema wazi: "Naomba swali langu na jibu viingie kwenye muhtasari." Mkutano unaofuata, muhtasari ukisomwa, hakikisha vimo. Vikikosekana, kataa kuuthibitisha mpaka urekebishwe, na usiuache uthibitishwe hivyo hivyo kwa sababu watu wamechoka na jua limezama. Hatua zote za mbele zitauegemea muhtasari huo.

Hatua ya 3: Andika barua ya kuomba nyaraka

Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa, Na. 6 ya 2016, inampa raia haki ya kuomba taarifa iliyoko mikononi mwa mamlaka ya umma. Ombi hufanywa kwa maandishi, na mwenye taarifa anatakiwa kujibu ndani ya siku 30. Akikataa, anapaswa kutoa sababu. Zipo taarifa zinazozuiwa, kama za usalama wa taifa au uchunguzi unaoendelea, lakini risiti za saruji ya darasa haziingii humo.

Barua nyingi hukwama kwa sababu zinaomba "taarifa zote za miradi". Afisa hawezi kuitekeleza barua ya namna hiyo hata akitaka, na asiyetaka ameshapata kisingizio. Taja mradi mmoja, kipindi kimoja na nyaraka kwa majina yake. Muundo huu unatosha:

> Mkurugenzi Mtendaji,
> Halmashauri ya Wilaya ya ________,
> S.L.P. ________
>
> YAH: OMBI LA NYARAKA ZA UJENZI WA MADARASA MAWILI, SHULE YA MSINGI ________
>
> Husika na somo tajwa hapo juu.
>
> 2. Mimi ni raia wa Tanzania na mkazi wa Kijiji cha ________. Kwa mujibu wa Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016, naomba nakala za nyaraka zifuatazo kwa kipindi cha 1 Julai ____ hadi 30 Juni ____:
> (a) barua ya halmashauri inayoonyesha kiasi kilichotumwa na tarehe;
> (b) mchanganuo wa gharama ulioidhinishwa pamoja na mchoro;
> (c) hati za malipo na risiti zilizoambatishwa;
> (d) hati za kupokelea vifaa na leja ya stoo;
> (e) mihtasari ya kamati ya manunuzi, kamati ya mapokezi na kamati ya ujenzi;
> (f) mkataba wa fundi.
>
> 3. Niko tayari kulipia gharama halisi za kurudufu.
>
> Naomba kuwasilisha.
>
> (Jina, saini, tarehe, namba ya simu)
>
> Nakala: Diwani, Kata ya ________, Afisa Mtendaji wa Kijiji

Angalia kuwa hakuna "Kupitia". Utaratibu wa kiofisi umetuzoesha kupitisha barua kwa mtendaji wa kijiji, kisha kata, kisha tarafa, na barua ya kuuliza fedha ikipita huko hulala kwenye droo ya kwanza. Wape nakala, barua yenyewe ipeleke masijala ya halmashauri.

Nenda na nakala mbili. Moja inabaki, nyingine igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe, na aliyepokea aandike jina lake. Ndani ya bahasha yako ya kumbukumbu, karatasi hiyo yenye muhuri ina thamani kuliko nyingine zote, kwa sababu siku 30 zinahesabiwa kuanzia hapo. Akikataa kugonga muhuri, tuma kwa rejista ya posta na utunze stakabadhi.

Siku 30 zikipita kimya, au ukijibiwa hapana, omba mapitio kwa mkuu wa taasisi. Bado hujaridhika, kata rufaa kwa waziri. Kila ngazi ina siku 30 za kuwasilisha, hivyo usikae na jibu mkononi. Na ukishapata nyaraka, usibadili hata tarakimu moja unapozisambaza. Sheria hiyo hiyo inamwadhibu anayepotosha taarifa aliyopewa.

Hatua ya 4: Linganisha karatasi na kitu chenyewe

Hapa ndipo kazi ilipo, na watu wengi hupita haraka. Chukua kalamu, tepu ya mita 30, kikokotoo na fundi mwaminifu asiyekuwa kwenye mradi.

Kwenye ujenzi wa fosi akaunti, kila kifaa kinapaswa kupita kwenye mikono ya kamati tofauti: ya manunuzi inanunua, ya mapokezi inahesabu na kukagua ubora, ya ujenzi inasimamia matumizi. Maana ya kutenganisha ni kwamba aliyenunua asiwe ndiye anayethibitisha kuwa bidhaa imefika. Kwa hiyo kabla ya yote, soma majina. Jina moja likiwa kwenye kamati mbili, au saini tatu zikiwa na mwandiko mmoja, umepata swali la kwanza. Waulize wajumbe wenyewe, kwa upole na faraghani, kama walikuwepo siku hiyo. Wengi hupelekewa karatasi nyumbani kusaini baada ya mali kuingia stoo, na hawajui kuwa wamejifunga.

*Saruji.* Chukua sakafu ya darasa la mita 9 kwa 7, zege la unene wa sentimita 10. Ujazo wake ni 9 × 7 × 0.10, yaani mita za ujazo 6.3. Zege la uwiano wa 1:2:4 hula takriban mifuko 6 hadi 6.5 ya kilo 50 kwa kila mita ya ujazo. Sakafu hiyo basi inahitaji mifuko 38 hadi 41. Leja ikionyesha mifuko 75 imetolewa kwa ajili ya sakafu, uliza. Na usiishie kwenye karatasi: nenda ukingoni mwa baraza au mlangoni, pima unene wa zege. Ukikuta sentimita 5, sakafu hiyo imekula nusu tu ya saruji iliyotakiwa, na watoto wataanza kukaa kwenye vumbi kabla mwaka haujaisha. Vipimo vya darasa lako vitoe kwenye mchoro wako, usitumie hivi vya mfano.

*Mabati.* Namba ya geji ikipanda, bati linakuwa jembamba. Geji 28 lina unene wa karibu milimita 0.4, geji 30 karibu milimita 0.3. Kwa macho, ukiwa chini, huwezi kuyatofautisha, na ndiyo sababu udanganyifu huu unapendwa: idadi ya mabati inakuwa sahihi kabisa, risiti ni ya geji 28, kilichopigwa misumari ni geji 30, na tofauti ya bei imegawanwa dukani. Soma maandishi yaliyochapwa kwenye bati, au tafuta kipande kilichobaki ukipime kwa kalipa, kifaa cha kupimia unene.

*Mchanga, kokoto na mawe.* Vifaa hivi huandikwa kwa "tripu", na tripu si kipimo. Pima bodi la lori: urefu wa mita 3.6, upana wa 2 na kina cha 0.6 ni mita za ujazo 4.32. Lori hilo haliwezi kuleta mita 7 kwa safari moja, hata likirundikwa. Uliza namba ya gari na uikague.

Jambo baya zaidi liko hapa: nguvu za wananchi. Kijiji kimesomba mawe, kina mama wamebeba maji na mchanga Jumamosi nne, kisha kwenye hati za malipo mchanga ule ule unaonekana umenunuliwa. Kijiji kimelipa mara mbili, mara ya kwanza kwa migongo yake. Dawa yake ni daftari. Kila siku ya kazi ya pamoja, mtu mmoja aandike tarehe, idadi ya watu, kilicholetwa na kiasi chake, na watu watatu wasaini. Daftari la kawaida la shule linatosha. Bila daftari hilo hutaweza kuthibitisha chochote, maana mchanga ukishaingia ukutani hauonyeshi umetoka wapi.

*Risiti.* Risiti ya EFD, yaani ya mashine ya kielektroniki, ina tarehe, saa, TIN (namba ya mlipakodi) ya muuzaji na namba ya uhakiki. Ihakiki kwenye tovuti ya Mamlaka ya Mapato, TRA. Angalia kama tarehe ya risiti inatangulia ile ya kupokelea, kama duka lililouza nondo ni duka la vifaa kweli, na kama risiti za maduka mawili tofauti zimeandikwa kwa mwandiko mmoja. Kwa michango ya kijiji, fuata mfululizo wa namba za stakabadhi. Kitabu kilichoruka kutoka 0450 hadi 0501 kinadaiwa kurasa 50.

Kuwa mwadilifu unapohesabu. Bei ya usafiri kwenda kijiji cha milimani si ya mjini. Bei ya saruji hupanda katikati ya mradi. Mradi unaweza kuchelewa kwa sababu fedha zilifika Mei, mwezi mmoja kabla ya mwaka kufungwa. Andika maelezo hayo pia. Malalamiko yanayokubali kilicho sahihi huaminiwa kwenye kisicho sahihi.

Mwishoni mwa hatua hii uwe na karatasi moja yenye safu nne: kifaa, kilichoandikwa, kilichokutwa, tofauti kwa shilingi. Mistari mitano yenye uhakika inatosha. Ukiweka ishirini na mitatu kati yake ikawa ya makosa, watajibu hiyo mitatu tu.

Hatua ya 5: Peleka ndani kwanza

Wasilisha karatasi yako kwa maandishi kwenye halmashauri ya kijiji, kisha mkutano mkuu. Nakala iende kwa diwani, ambaye ni mwenyekiti wa Kamati ya Maendeleo ya Kata. Mkutano mkuu unaweza kuazimia kuwa mkurugenzi aombwe kutuma mkaguzi wa ndani. Azimio la mkutano lenye muhtasari na orodha ya mahudhurio lina uzito kuliko barua ya mtu mmoja, hata awe msomi kiasi gani.

Baraza la madiwani hukutana kila robo mwaka na mikutano yake iko wazi kwa wananchi. Pata ratiba kutoka kwa diwani wako, mpe karatasi yako wiki mbili kabla, kisha nenda ukakae kwenye viti vya wananchi. Hutaruhusiwa kuzungumza, lakini diwani aliyeahidi kuuliza huona vigumu kunyamaza wapiga kura wake wakimtazama.

Hatua ya 6: Mtumie Mkaguzi Mkuu, kwa kalenda yake

Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali, CAG, hukagua halmashauri zote kila mwaka chini ya Ibara ya 143 ya Katiba. Halmashauri hufunga hesabu 30 Juni na kuziwasilisha kwake ifikapo 30 Septemba. Ripoti inamfikia Rais mwishoni mwa Machi, na hupelekwa Bungeni ndani ya siku saba tangu kikao kinachofuata kuanza, ambacho kwa kawaida ni cha Aprili. Ikishawasilishwa, ni ya wazi, na hupatikana kwa Kiswahili kwenye tovuti ya Ofisi ya Taifa ya Ukaguzi.

Maana yake kwako: karatasi yako ya safu nne ifike ofisi ya mkoa ya ukaguzi mwezi Oktoba, wakaguzi wanapokuwa uwandani. Ikifika Machi, mwaka huo umekwisha.

Ripoti ikitoka, usisome aina ya hati, yaani maoni ya jumla ya mkaguzi, peke yake. Hati inayoridhisha inasema hesabu zimeandaliwa inavyotakiwa. Haisemi kuwa kila shilingi ilitumika vizuri, na halmashauri yenye hati safi inaweza kuwa na hoja nzito kabisa ndani, yaani dosari alizoziandika mkaguzi. Nenda kwenye viambatisho, tafuta jina la halmashauri yako, andika kila hoja inayoitaja na kiasi chake. Kisha angalia sehemu ya utekelezaji wa mapendekezo ya miaka iliyopita. Hoja ambayo haijafungwa kwa miaka mitatu ni swali tayari kwa diwani wako, na ni jambo la kumwandikia katibu wa Kamati ya Bunge ya Hesabu za Serikali za Mitaa, LAAC, ambayo humwita mkurugenzi kujieleza.

Lakini hoja ya ukaguzi si hukumu. Hati ya malipo kukosa kiambatisho kunaweza kuwa wizi, na kunaweza kuwa uzembe wa kutunza faili. Usimwite mtu mwizi kwa sababu ya hoja.

Hatua ya 7: TAKUKURU, pale kunapoonekana jinai

Ukiwa na dalili za jinai, kama risiti ya kughushi, malipo hewa au mali iliyohamishwa, nenda Taasisi ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa, TAKUKURU. Ofisi ziko wilayani, na simu 113 ni ya bure. Vifungu vinavyogusa fedha za kijiji mara nyingi katika Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya 2007 ni cha 22, kutumia nyaraka zenye maelezo ya uongo; cha 28, ubadhirifu; na cha 31, matumizi mabaya ya madaraka. Si lazima uvitaje. Kazi yako ni ukweli: nani, lini, kiasi gani, karatasi ipi, nani alishuhudia. Toa nakala, asilia ubaki nazo, na omba namba ya jalada. Ukirudi baada ya mwezi bila namba, utaanza upya na afisa mwingine.

Kubali kuwa itachukua muda. Baada ya uchunguzi, makosa mengi huhitaji kibali cha Mkurugenzi wa Mashtaka kabla ya kufikishwa mahakamani.

Kuhusu usalama wako: sheria hiyo inazuia kumtaja mtoa taarifa, na ipo pia Sheria ya Kulinda Watoa Taarifa na Mashahidi ya mwaka 2015. Kinga hizo zinakufaa ukipeleka taarifa kwenye chombo husika, na zinakuacha ukiimwaga kwenye kundi la WhatsApp. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 inaadhibu kusambaza taarifa za uongo, na kosa dogo kwenye tarakimu linaweza kukugeuza wewe kuwa mshtakiwa huku aliyekula mifuko ya saruji akitoa ushahidi dhidi yako. Nenda mkiwa watu watatu au watano, barua ziwe na saini za wote, na nakala za faili zikae nyumba mbili tofauti.

Pale ambapo kosa ni la kiutawala zaidi kuliko la jinai, mfano mtendaji anayekataa kabisa kuitisha mikutano au kutoa majibu, Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora hupokea malalamiko.

Hatua ya 8: Mahakama, na siku zinazopotea

Kuna njia mbili, na saa zake zinatofautiana. Kuzichanganya ndiko kunakoangusha kesi nyingi kabla jaji hajasikia habari za fedha.

Kesi ya madai dhidi ya halmashauri hutanguliwa na taarifa ya siku 90 ya kusudio la kushtaki, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali na Wakili Mkuu wa Serikali. Tangu marekebisho ya 2020, Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe kwenye kesi, na kesi hufunguliwa Mahakama Kuu. Ukikosa taarifa hiyo, au ukafungua siku ya 85, kesi huondolewa. Na kama mnashtaki kwa niaba ya wanakijiji wote, ombeni kwanza kibali cha mahakama cha kuwakilisha wengine, maana mkutano mkuu kukupigia kura ya mikono hakutoshi.

Njia ya pili ni mapitio ya mahakama: kuomba Mahakama Kuu itengue uamuzi, iuzuie, au iilazimishe mamlaka kutimiza wajibu wake, mfano kutoa nyaraka ilizokataa bila sababu. Hii inahitaji kibali kwanza, na maombi ya kibali lazima yafunguliwe ndani ya miezi 6 tangu uamuzi unaoupinga. Kibali kikitolewa, maombi yenyewe yafunguliwe ndani ya siku 14. Anayesubiri siku 90 za taarifa, kisha siku nyingine za maridhiano, hushtukia miezi sita imekwisha.

Kama hoja yako ni haki ya kikatiba, ujue kuwa tangu 2020 mwombaji hutakiwa kuapa jinsi yeye binafsi alivyoathirika. Mzazi ambaye mtoto wake anasoma chini ya mwembe kwa sababu darasa halikwisha ana la kuapa. Mtu wa wilaya nyingine hana.

Wakili wa kesi ya Mahakama Kuu ni ghali. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 inawatambua wasaidizi wa kisheria, na wapo katika wilaya nyingi. Hawatasimama mahakamani kwa niaba yako, lakini watakusaidia kuandaa barua na kukuunganisha na taasisi yenye mawakili. Uliza ofisi ya ustawi wa jamii ya halmashauri. Unapokwenda, beba faili iliyopangwa kwa tarehe: juu kabisa barua yenye muhuri, kisha majibu, mihtasari, karatasi ya safu nne, picha, na daftari la nguvu za wananchi chini yake.